Je, ni kweli alama za vidole za wakulima 18 ndizo zilizoibadilisha China?

Msomaji mmoja ameniandikia hivi: "Mwalimu, shikamoo. Marehemu baba yangu alihamishiwa kijiji cha ujamaa huko Kilosa mwaka 1974, na mpaka anafariki alikuwa akisema kwamba sisi tuliiga China. Juzi nimesikia kuwa China yenyewe iliachana na mambo hayo baada ya wakulima 18 kukutana usiku, wakatia dole gumba kwenye karatasi, wakagawana mashamba, na nchi ikatajirika. Ni kweli? Na kama ilikuwa rahisi hivyo, kwa nini hawakufanya mapema?"

Marahaba. Nianze na swali lako la mwisho, kwa sababu ndilo lililobeba mengine yote. Walifanya mapema. Walifanya zaidi ya mara moja, na kila mara walipigwa marufuku. Karatasi uliyoisikia ipo, na nitaieleza hapa chini, lakini ukiichukua yenyewe peke yake utadhani wakulima wa China walilala miaka ishirini kisha usiku mmoja wakaamka.

Kuhusu baba yako: alikuwa na sehemu ya ukweli. Mwalimu Nyerere alikwenda China kwa mara ya kwanza Februari 1965, akavutiwa na nidhamu na kubana matumizi aliyoyaona kule, na si siri kwamba aliyasema hadharani aliporudi. Ila kijiji chenu na komuni ya China, yaani vyama vingi vya ushirika vya wakulima vilivyounganishwa kuwa kimoja kikubwa, havikuwa kitu kimoja. Vijiji vyetu vingi vilikuwa na shamba la pamoja, na kila kaya ikabaki na shamba lake pembeni, na moyo wa watu ulikuwa kwenye hilo la pembeni. Komuni ya China ya mwaka 1958 ilichukua ardhi, ng'ombe, plau, na sehemu nyingine hata sufuria za jikoni.

Ilifikaje huko? Chama cha Kikomunisti kiliposhika nchi mwaka 1949, jambo la kwanza kwa mkulima lilikuwa kupewa ardhi. Sheria ya mwaka 1950 iliwanyang'anya wenye mashamba makubwa, wengi wao wakauawa, na kaya maskini zikapata vipande vyake. Mkulima aliyeota shamba kwa vizazi vitatu akalimiliki kwa miaka michache tu. Mwaka 1953 serikali ikajitangaza kuwa mnunuzi pekee wa nafaka, kwa bei inayopanga yenyewe. Hapo ndipo penye mzizi, naomba upakumbuke. Nchi ilitaka viwanda vya chuma na mashine kutoka Urusi, mashine zinalipiwa, na wafanyakazi wa mjini wanataka chakula cha bei ndogo. Fedha hiyo ingetoka wapi kama si kwa mkulima? Na afisa mwenye jukumu la kukusanya nafaka anaona ni nafuu kwenda kwenye ghala moja la kijiji kuliko kugonga milango elfu ya watu wanaojua kuficha gunia. Kwa hiyo ushirika ulikuwa imani ya kisiasa, ndiyo, lakini ulikuwa pia pampu. Kufikia mwisho wa mwaka 1956 karibu wakulima wote walikuwa ndani ya vyama vya ushirika na ardhi haikuwa tena yao.

Hapo hapo, mwaka 1956 huo huo, wilaya ya Yongjia karibu na mji wa Wenzhou ikajaribu kitu kingine. Naibu katibu wa chama wa wilaya, Li Yunhe, aliwaachia wakulima wabaki ndani ya ushirika lakini kila kaya ikabidhiwe eneo lake na kiwango cha mavuno inachodaiwa, kinachozidi ni chao. Mwaka uliofuata jaribio likafutwa, Li akafukuzwa chama na kupelekwa kufanya kazi za mikono. Alisafishwa jina miaka ya 1980. Kwa hiyo ukiuliza nani alianza, si wale 18.

Mwaka 1958 ndio ulikuja kile walichokiita Msonga Mbele Mkuu. Vyama vya ushirika viliunganishwa kuwa komuni za umma, takriban 26,000 kwa nchi nzima, kila moja ikiwa na maelfu ya kaya. Watu walikula kwenye mabwalo ya pamoja kama wanafunzi wa bweni. Wanaume walitolewa mashambani kwenda kuyeyusha vyuma kwenye matanuru ya udongo nyuma ya nyumba, mazao yakaoza ardhini.

Kisha yakaja mashindano ya uongo. Agosti 1958 wilaya ya Macheng, mkoa wa Hubei, ilitangaza kwamba imevuna jin 36,956 za mpunga kwenye mu moja. Jin ni nusu kilo, na ekari moja ina mu sita hivi. Piga hesabu mwenyewe: ni kama magunia 1,100 ya kilo mia kwa ekari. Mkulima yeyote wa Kilombero angecheka mpaka akae chini. Lakini gazeti la chama lilichapisha, na picha ikatolewa ya watoto waliosimama juu ya masuke ya mpunga yaliyobanana, wasizame. Walichofanya ni kung'oa mpunga ulioiva kwenye majaruba mengi na kuushindilia katika jaruba moja. Wakubwa waliokwenda kutazama wengi wao walikuwa watoto wa wakulima. Walijua. Nani angesema?

Aliyesema ni Peng Dehuai, waziri wa ulinzi, jemadari wa vita vya Korea. Julai 1959 kwenye mkutano wa Lushan alimwandikia Mao Zedong, kiongozi mkuu wa chama, barua ya kueleza aliyoyaona vijijini. Akavuliwa uwaziri, na msako wa "wenye mawazo ya mrengo wa kulia" ukashuka mpaka vijijini. Baada ya hapo hakuna katibu wa wilaya aliyethubutu kuripoti kwamba watu wake hawana chakula. Nchi ilikuwa imetangaza mavuno ya tani milioni 375 kwa mwaka 1958, ilhali hesabu za baadaye zinasema yalikuwa tani milioni 200, nayo yakashuka hadi 170 mwaka 1959 na 143 mwaka 1960. Wakusanyaji walichukua fungu la serikali kwa kufuata namba za kwenye karatasi. Mwaka 1959 China iliuza nje zaidi ya tani milioni nne za nafaka, huku watu wakila magome ya miti. Wanahistoria wanatofautiana kuhusu idadi ya waliokufa kati ya 1959 na 1961: wa chini wanasema milioni 15, wa juu milioni 45. Kiasi chochote utakachochagua katikati hapo, hakuna njaa nyingine iliyorekodiwa inayoifikia.

Mkoa ulioumia sana, ukiuangalia kwa uwiano wa watu wake, ni Anhui. Katibu wake wa chama, Zeng Xisheng, alikuwa miongoni mwa waliopiga kelele kubwa zaidi mwaka 1958. Mwaka 1961, baada ya kuzika, ni yeye huyo aliyewaachia wakulima wagawiwe maeneo kwa kaya, akaliita "shamba la dhamana" ili neno lisichome masikio ya wakubwa. Sehemu kubwa ya mkoa ikafuata, chakula kikaanza kurudi. Na Beijing wapo waliounga mkono. Liu Shaoqi, rais wa nchi, aliwanukuu wakulima wa mkoa wake wa Hunan mbele ya makada elfu saba: mabaya haya, sehemu tatu ni ya mbingu, sehemu saba ni ya binadamu. Julai 1962 Deng Xiaoping, aliyekuja kuiongoza China baada ya Mao, akatoa ule msemo wa paka ambao dunia nzima inaujua vibaya. Alisema paka wa manjano au mweusi, alimradi anakamata panya. "Mweupe" aliingizwa baadaye na wasimuliaji. Na hakuwa akizungumzia soko huria wala wawekezaji. Alikuwa akizungumzia jambo hili hili, mashamba kugawiwa kaya.

Mao hakukubali. Kufikia mwisho wa mwaka 1962 Zeng alikuwa ameondolewa, idara ya chama ya kazi za vijijini imevunjwa, na "upepo wa kila mtu kulima kivyake" umelaaniwa rasmi. Waliotajwa kuuunga mkono walilipishwa tena miaka minne baadaye, Mapinduzi ya Utamaduni, kampeni ya Mao ya kuwasaka aliowaona wapinzani, yalipoanza. Liu Shaoqi alifia kizuizini mwaka 1969.

Kwa hiyo vijijini kilichobaki ni timu ya uzalishaji: kaya ishirini thelathini, kengele asubuhi, na pointi. Mwanamume mwenye nguvu aliandikiwa pointi kumi kwa siku, mwanamke kwa kawaida sita hadi nane hata kama amebeba mzigo ule ule. Mwisho wa mwaka timu ilitoa fungu la serikali, ikaweka mbegu, kilichobaki kikagawanywa kwa pointi. Sasa jiweke pale. Ukilima kwa bidii mpaka jasho likauke, pointi kumi. Ukiegemea jembe ukipiga soga, pointi kumi. Ndiyo maana wale wale waliovuta miguu kwenye shamba la timu walikuwa wakiamka alfajiri kwenye kibustani cha nyuma ya nyumba walichoruhusiwa kubaki nacho. Hapo baba yako angetikisa kichwa na kusema, haya nayajua.

Sasa tufike kwenye karatasi yako. Mao alifariki Septemba 1976. Juni 1977 Anhui ikapata katibu mpya, Wan Li. Alikuwa na tabia ya kutembelea vijiji bila kutoa taarifa. Inasimuliwa kwamba huko Jinzhai, kwenye milima, aliingia nyumba moja akamkuta mzee amekaa kando ya jiko, akamsalimia, mzee hakusimama. Aliposisitiziwa akainuka, na ikaonekana hakuwa na suruali. Ndani ya jiko kulikuwa na wasichana wawili waliojikunyata kwenye joto la majivu kwa sababu hawakuwa na nguo. Hiyo ni miaka karibu thelathini baada ya mapinduzi, na katika eneo lililotoa maelfu ya vijana kwa jeshi lake.

Mwaka 1978 ukame mkali ukaja. Wan Li akaruhusu ardhi isiyoweza kulimwa na timu "ikopeshwe" kwa kaya. Wilaya ya Feixi ikaruka mpaka, tarafa yake ya Shannan ikagawa mashamba kabla ya Xiaogang, kijiji cha wale 18. Xiaogang yenyewe, katika wilaya ya Fengyang, ilikuwa timu ya kaya ishirini tu, eneo linalojulikana tangu enzi kwa ombaomba wake wanaozunguka na ngoma. Majira ya baridi ya mwaka huo wakakutana katika nyumba ya udongo. Kaya 18 zilikuwepo, mbili wenyewe walikuwa wamekwenda kuombaomba. Naibu kiongozi wa timu, Yan Hongchang, akaandika.

Karatasi ni fupi. Inasema kila kaya itatimiza fungu lake la serikali na haitanyoosha tena mkono kuomba fedha wala nafaka. Mambo yakiharibika, viongozi wako tayari kufungwa na kukatwa vichwa, na wengine wote wanaahidi kuwalea watoto wao mpaka wafikishe miaka kumi na minane. Mwandishi amekosea herufi: kwenye "kufungwa" ameweka nyingine yenye sauti ile ile, na kwenye "kuridhika" pia. Chini yake majina na alama nyekundu za vidole. Mimi huwasomesha wanafunzi wangu sentensi ile ya watoto kuliko hotuba yoyote ya Deng. Mtu anayepanga malezi ya watoto wake kabla ya kugawana shamba la mpunga anakumbuka yaliyotokea 1957 na 1962.

Wiki chache zinazozunguka usiku ule, Desemba 1978, Kamati Kuu ya chama ilikaa Beijing kwenye kikao ambacho vitabu vya shule hukiita mwanzo wa mageuzi. Watu wengi hudhani kikao kile ndicho kilichoruhusu wakulima kugawana mashamba. La. Rasimu ya azimio lake kuhusu kilimo ilikataza waziwazi kugawa ardhi kwa kaya. Machi 1979 gazeti la chama likachapisha barua ya kushambulia hata utaratibu mpole zaidi, wa kukabidhi mashamba kwa vikundi vidogo ndani ya timu. Xiaogang ilinusurika kwa sababu katibu wa wilaya, Chen Tingyuan, alijifanya hajaona, na juu yake Wan Li naye akajifanya hajaona. Funika kombe mwanaharamu apite. Mavuno ya 1979 yakaja tani 66, karibu sawa na jumla ya miaka mitano ya 1966 hadi 1970, na kwa mara ya kwanza baada ya miaka zaidi ya ishirini kijiji kikapeleka nafaka serikalini badala ya kuomba. Watu wakaanza kusema "ukitaka wali, mtafute Wan Li". Kwa Kichina msemo huo una vina, na kwa bahati hata kwa Kiswahili unavyo.

Deng aliongea wazi kuunga mkono Mei 1980 tu, baada ya matokeo kuonekana. Hata hapo, Septemba mwaka huo makatibu wa mikoa waligombana kikaoni, wa mikoa iliyoshiba wakiitetea barabara pana ya ushirika, wa Guizhou, mkoa wa njaa, akajibu kwamba wao wapite barabara yao pana, yeye atapita daraja lake la gogo moja. Januari 1982 waraka wa chama ukauita utaratibu wa kaya kuwa ni wa kijamaa, na kufikia mwisho wa 1983 karibu kaya zote nchini zilikuwa ndani yake. Tofauti kati ya 1962 na 1978, kwa maoni yangu, haikuwa ujasiri wa wakulima. Ujasiri ulikuwepo mara zote. Safari hii fimbo ya juu haikushuka.

Lakini usiishie kwenye vidole. Kikao kile kile kilichokataza mgao wa mashamba kilipandisha bei ya serikali ya nafaka kwa asilimia 20 kuanzia 1979, na aliyeuza zaidi ya fungu lake akaongezewa asilimia 50 juu ya bei hiyo. Ile pampu niliyoitaja mwanzo ililegezwa. Pia mwaka 1973 China ilikuwa imeagiza kutoka nje viwanda vikubwa 13 vya mbolea, na mbegu chotara za mpunga za mtafiti Yuan Longping zilianza kusambazwa katikati ya miaka ya 1970. Mifereji mingi ya maji ilichimbwa na komuni hizo hizo, kwa mikono. Uzalishaji wa nafaka ulipanda kutoka tani milioni 305 mwaka 1978 hadi 407 mwaka 1984. Mwanauchumi Justin Yifu Lin alikadiria mwaka 1992 kwamba karibu nusu ya ukuaji wa kilimo wa miaka hiyo ulitokana na kuhamia utaratibu wa kaya. (Huyu Lin ana kisa chake: alikuwa ofisa wa jeshi la Taiwan, mwaka 1979 akaogelea baharini usiku kuvuka kwenda China bara, na baadaye akawa mchumi mkuu wa Benki ya Dunia.) Karibu nusu ni nyingi, lakini nusu nyingine nayo ilitoka mahali. Hapa ndipo ningemjibu baba yako kama angekuwepo. Kijiji chochote, cha pamoja au cha mtu mmoja mmoja, kinachouza mahindi kwa bei isiyofika gharama ya kulima, hakitasimama.

Na "waliachana na ujamaa" pia si sahihi kabisa. Ardhi ya kijijini China mpaka leo ni mali ya kijiji. Kaya inapewa mkataba, kwanza miaka 15, kisha 30, hairuhusiwi kuliuza shamba. Kilichoondoka na komuni ni vitu vingine ambavyo wasifiaji hawavitaji. Bima ya afya ya vijijini na wale madaktari pekupeku, wanakijiji waliofundishwa tiba ya msingi na waliokuwa wakilipwa kwa pointi, vilisambaratika miaka ya mwanzo ya 1980, kwa sababu hapakuwa tena na mfuko wa timu. Mkulima aliyeshiba akajikuta anauza nguruwe kulipia hospitali, na serikali ilianza kujenga bima mpya mwaka 2003 tu. Kodi ya kilimo ilifutwa 2006.

Kitu kimoja hakikuguswa. Januari 1958, miezi michache kabla ya komuni, ilipitishwa sheria ya daftari la kaya, hukou, iliyomgawa kila Mchina kuwa wa mjini au wa kijijini, na mtoto alifuata daftari la mama. Bila daftari la mjini hukupata kuponi za chakula, nyumba wala shule. Komuni ilipovunjwa, mamilioni ya mikono haikuwa na kazi tena shambani, ikaingia kwanza kwenye viwanda vidogo vya vijiji na miji midogo, ambavyo Deng mwenyewe alikiri mwaka 1987 kwamba hakuvitegemea, kisha ikamiminika Shenzhen na Guangzhou. Daftari likabaki kule kule nyumbani. Mpaka mwaka 2003 polisi waliweza kumkamata mtu mjini kwa kukosa kibali cha kuishi na kumrudisha alikotoka, mpaka kijana Sun Zhigang alipopigwa hadi kufa akiwa kizuizini Guangzhou na nchi ikapiga kelele. Wafanyakazi wa aina hiyo leo wanakaribia milioni 300. Simu na viatu vilivyofurika Kariakoo vimepita mikononi mwao, na watoto wao wengi wamelelewa na bibi kijijini.

Xiaogang yenyewe? Ina makumbusho, barabara nzuri, na viongozi wanakwenda kupiga picha. Lakini wenyeji wana msemo kwamba walivuka mstari wa njaa kwa usiku mmoja, kisha miaka ishirini wakashindwa kuvuka kizingiti cha utajiri. Mashamba madogo yaliyogawanywa usiku ule yalitosha kushibisha, hayakutosha kujenga nyumba ya ghorofa. Sehemu yake kubwa sasa imekodishwa kwa kampuni na wakulima wakubwa, na vijana wengi wa wilaya ile wamekwenda kutafuta mishahara mijini.